Woyzeck kwenye TV ya mtaa: shajara ya mradi wetu, toka Januari mpaka imerushwa

Naiandika hii kwa sababu kuna kikundi kingine cha Waswahili huku huku Ujerumani wameniuliza mlifanyaje, na sitaki warudie ujinga tulioufanya sisi. Nitakuwa naongeza kila tukimaliza hatua. Kilichoenda vizuri nakipita haraka, hakina cha kusimulia.

14 Januari

Tumekubaliana. Tunafanya Woyzeck, tamthilia ya mwandishi Mjerumani Georg Büchner, dakika 45, kwa ajili ya chaneli ya wazi ya mji wetu hapa jimbo la Hessen. Kwa asiyejua, chaneli ya wazi (wenyewe wanaita Offener Kanal) ni televisheni ya raia, ya kwanza ilianza Ludwigshafen tarehe 1 Januari 1984. Mkaazi yeyote anaenda, anafundishwa kamera, anaazimwa vifaa bure na kipindi chake kinarushwa, ila matangazo ya biashara marufuku na ukivunja sheria mzigo ni wako maana umesaini.

Kwa nini Woyzeck? Kwanza haki. Büchner kafa 1837 ana miaka 23, na sheria ya hapa inalinda kazi ya mtu miaka 70 baada ya kufa kwake, kwa hiyo hakuna wa kumlipa. Angalieni lakini, tafsiri ya mtu mwingine ina haki zake, msichukue kitabu kilichotafsiriwa juzi mkadhani ni cha bure, ndo maana sisi tunatafsiri wenyewe. Pili, ni mtu wa hapa hapa, kazaliwa Goddelau 1813, kasoma udaktari Gießen. Tatu, na hii ndo iliyonishika mimi, Woyzeck ni askari fukara anayehangaika na vibarua ili apate cha kumpelekea mwanamke wake Marie na mtoto wao, na mwisho anamuua huyo Marie: anamnyoa Kapteni, anakata fito porini, anakula njegere kavu tupu kwa ajili ya majaribio ya Daktari. Kikundi chetu tuko 11 na wasio na vibarua viwili ni wa kuhesabu.

Mjadala mkali ulikuwa mmoja. Jamaa alitaka tuihamishie Afrika Mashariki ya Kijerumani, mwaka 1905, Woyzeck awe askari wa Schutztruppe, jeshi la kikoloni la Wajerumani. Linavutia, sikatai, lakini nikapinga mpaka sauti ikakauka. Kapteni na Woyzeck wa Büchner wako mji mmoja, lugha yao moja, na bado huyu anamfanya yule kama mbwa wa kufuga. Ukiingiza ukoloni unampa mtazamaji jibu kabla hajajiuliza swali. Kura 7 kwa 4, imebaki Hessen. Tulichobadilisha ni lugha tu: watu wa chini (Woyzeck, Marie, askari mwenzake Andres, bibi) wanaongea Kiswahili wao kwa wao, wakubwa wanaongea Kijerumani cha Büchner kama kilivyo, sabtaito pande zote. Büchner mwenyewe aliwapa watu wa chini lafudhi ya Kihessen, kwa hiyo hatujamzulia kitu.

11 Februari

Mwezi mzima kwenye skripti na bado hatuna skripti.

Shida yenyewe ni hii: Woyzeck haijaisha. Büchner kafa kaacha makaratasi ya rasimu, matukio yamekaa shaghalabaghala, mengine yameandikwa mara mbili tofauti. Karl Emil Franzos aliyeichapisha miaka ya 1870 ilibidi apake kemikali kwenye kurasa ili wino ulioparara uonekane, na jina akalisoma vibaya akaandika Wozzeck, ndo maana opera ya Alban Berg ya 1925 mpaka leo inaitwa Wozzeck. Jukwaani haikupanda mpaka Novemba 1913 huko Munich. Kwa hiyo ukimsikia mtu anasema "mpangilio sahihi" muulize sahihi kwa nani.

Tuliandika kila tukio kwenye karatasi moja tukazitandaza kwenye sakafu ya jikoni kwangu, 27, halafu tukaanza kuzihamisha. Wiki ya kwanza tulifungua na kumnyoa Kapteni, kama opera. Ikawa nyepesi, mtazamaji anacheka, anadhani ni komedi. Wiki ya pili tukaanza na Woyzeck na Andres wanakata fito porini, Woyzeck anasikia kitu kinatembea chini ya ardhi. Hapo hapo unajua huyu mtu kuna kitu kinamla. Tumebaki na hiyo, na rasimu ya mwisho ya Büchner nayo inaanzia hapo, tulikuja kugundua baadaye, tungeisoma vizuri tungeokoa wiki mbili.

Tumekata mpaka 16. Maonyesho ya farasi sokoni nje, hatuna farasi. Wanafunzi wa Daktari nje. Iliyoniuma ni ya Myahudi anayemuuzia Woyzeck kisu cha kumuulia Marie, fupi na tamu, lakini imeandikwa kwa dharau ya wakati ule na kwenye dakika 45 hakuna nafasi ya kuielezea. Kisu kitaonekana tu kiko mezani.

Mtoto: tulipanga kumtumia mtoto wa Marie wetu mwenyewe (dada anayemcheza Marie), ana mwaka na nusu. Tulivyoenda kuuliza tukaambiwa chini ya miaka 3 sahau, na kuanzia 3 mpaka 6 ni saa 2 kwa siku tena kwa kibali. Kwa hiyo mtoto ni mto wa kochi umefungwa kwa khanga mgongoni. Sauti ya kulia tumerekodi kwa simu, mtoto kwao, saa za kulia zake mwenyewe.

4 Machi

Siku ya kwanza ya kushuti. Tumechemsha.

Tulikodi ukumbi wa jumuiya, tukaugeuza kambi ya jeshi kwa vitanda viwili na blanketi. Tukio ni lile Woyzeck anagawa vitu vyake kwa Andres na kusoma karatasi zake: askari wa regimenti ya pili, kombania ya nne, amezaliwa siku ya Maria kupashwa habari, tarehe 20 Julai, leo ana miaka 30, miezi 7 na siku 12. Nikapiga hesabu tukisubiri taa. Kutoka 20 Julai unafika 4 Machi, yaani leo leo, watu wakapiga vigelegele. Halafu Mwalimu (Mjerumani mstaafu anayecheza Kapteni) akasema taratibu kwamba sikukuu ya Maria kupashwa habari ni 25 Machi, siyo Julai. Tarehe hazikubaliani, zimekaa hivyo kwenye rasimu, na hakuna wa kumuuliza. Tumeziacha vilevile. Mtu wa hali ile, hata karatasi zake zinamgonganisha.

Sasa makosa. La kwanza, kelele. Woyzeck wetu ni mtu wa Bukavu, amekulia kwenye maigizo ya kanisani ambako hakuna maiki na waumini ni mia nne, kwa hiyo anatoa sauti kutoka tumboni. Ukumbini unapata baridi mgongoni. Kwenye kamera iliyo mita moja na nusu kutoka puani mwake anaonekana anamgombeza Andres. La pili ni langu mimi: nilikuwa nimesoma kwamba mwongozaji Werner Herzog alishuti filamu yake ya Woyzeck kwa siku 18, kamera imetulia, hakati hovyo, nikasema na sisi tutafanya klipu moja ndefu bila kukata. Yeye alikuwa na Klaus Kinski, mwigizaji mkubwa. Mimi nilikuwa na dakika sita za watu wawili wamekaa kitandani kama wanasubiri daladala.

La tatu ndo lilituua. Kamera ya pili ilikuwa imewekwa fremu 30 kwa sekunde, mtu aliitumia kwa vidio zake za mtandaoni hakurudisha. TV ya huku ni fremu 25 na umeme wa huku ni hezi 50, kwa hiyo shata (muda ambao kila picha inapokea mwanga) inabidi iwe 1/50 ya sekunde. Ukishuti na 30 na shata 1/60 chini ya taa za ukumbini, picha inapata mistari inayopanda na kushuka, kwenye kioo kidogo cha kamera huioni, nyumbani kwenye TV unaiona mpaka kichwa kinauma. Nusu ya siku imeenda. Sasa hivi kuna karatasi imebandikwa na selotepu kwenye kila kamera: 25, 1/50, USIGUSE.

Kilichookoa sauti: maiki ndogo ya kubana chini ya shati, na Marie wetu kumwambia, "Kaka, ongea kama mtoto amelala hapo pembeni na ukimuamsha utambeba wewe." Mara moja tu, akaelewa.

25 Machi

Tumerudia kambi, safi. Tumeshuti kunyoa.

Hili tukio ndo limetuchukua muda mrefu kuliko yote na wala siyo kwa sababu ya kamera. Ni kwa neno moja. Kapteni hamwambii Woyzeck "du" wala "Sie", anamwambia "Er", yaani anamsema kama mtu wa tatu wakati yuko mbele yake ameshika wembe. Zamani ndivyo bwana alivyomsemesha mtu wa chini. Kijerumani cha leo hakina tena, lakini Mjerumani akisikia analihisi. Sisi sabtaito ya Kiswahili tuweke nini?

Rasimu ya kwanza "wewe". Tusi limepotea, wanaonekana marafiki. Ya pili "yeye". Tukawaonyesha watu watatu nyumbani, wote wakauliza anamsema nani, kuna mtu mwingine chumbani? Ya tatu mmoja akapendekeza "boi". Hiyo inauma kweli, lakini ni mlango wa nyuma wa yale mambo ya ukoloni tuliyoyapigia kura, na Woyzeck wetu akakataa kabisa: "Nitaitwa boi kwenye televisheni ya Ujerumani na mama yangu anaangalia? Hapana."

Dawa imetoka kwa shangazi mmoja wa Tanga anayetushonea nguo, hata hakuwa kwenye mazungumzo. Alikuwa anahangaika na kola ya Andres, jamaa hatulii, shangazi akasema bila kumtazama, "Huyu naye, sijui ana upele!" Nikaganda. Kumbe tunalo! Kiswahili ukitaka kumdharau mtu unamsema na yeye yupo: huyu naye, huyu sijui vipi. Kwa hiyo Kapteni sasa anasema: "Polepole, Woyzeck, polepole. Huyu naye, mbona mbio hivyo?" Na baadaye: "Huyu ni mtu mwema, lakini maadili hana huyu." Mwalimu aliposomewa akacheka akasema ndiyo, ni Er hasa.

Kwenye picha: tulinyoa kweli, ila wembe hauna makali, tumeusugua kwenye jiwe. Sabuni ya kunyolea inakauka baada ya dakika nne chini ya taa na kuanza kupasuka kama chokaa ya ukuta, kwa hiyo kila mara unapaka upya na povu halilingani na klipu iliyotangulia. Nilihangaika nalo, mwisho nikaacha kumshuti Kapteni, nikasogeza kamera kwa Woyzeck anayesikiliza. Sauti ya Kapteni inatoka nje ya fremu, wewe unaona jicho na mkono tu. Pale anapojibu kwamba watu kama sisi, masikini, hata tukifika mbinguni watatupa kazi ya kusaidia kupiga radi, mkono na wembe vimesimama shingoni kwa mtu. Jukwaani huwezi kulipata hilo, wa kiti cha nyuma haoni kitu. Nilikuwa nalalamika kwamba TV ni ndogo, sasa nimenyamaza.

22 Aprili

Bwawa.

Ruhusa tulipata kwa wenye bwawa, wavuvi, tukawachangia yuro 50. Kisu cha raba yuro 15. Mpango: Woyzeck anamuua Marie mwanga unapoisha, anakimbia, anarudi, anatupa kisu majini, anaona hakijafika mbali, anaingia kukifuata.

Kisu cha raba kinaelea. Nani aliwaza hilo? Kimetupwa kwa uchungu wote duniani, kikaanguka pwaa, kikaibuka, kikaanza kutembea juu ya maji taratibu na bata wawili wakaja kukikagua. Marie, maiti, alikuwa anatikisika kwa kicheko kwenye majani. Wiki iliyofuata tukaja na cha pili, tumetoboa mpini tukajaza misumari. Kikazama vizuri sana, hatujakiona mpaka leo. Cha tatu kina misumari na uzi wa kuvulia samaki umefungwa mpinini, mtu amejificha kwenye matete anauvuta. Hicho ndo kipo kwenye filamu.

Jioni ile ya kwanza pia walikuja polisi. Mpita njia ameona mwanaume mweusi ana kisu anamkimbiza mwanamke kando ya maji, akapiga simu, na kwa kweli simlaumu sana. Walikuwa wastaarabu, wakaangalia kisu, wakaangalia bata, wakaandika. Kosa ni letu: tulikuwa na ruhusa ya wenye bwawa lakini hatukuwaarifu polisi wala ofisi ya jiji. Sasa tunapiga simu kabla na kuna watu wawili wamevaa vizibao vya njano njiani wanawaambia wapita njia. Fanyeni hivi, tafadhali, msisubiri. Woyzeck wetu alikaa kimya ndani ya gari nusu saa baada ya hapo na tukaahirisha, mwanga wenyewe ulikuwa umeshakwisha.

20 Mei

Sabtaito. Nilidhani ni wikiendi moja, imekuwa nne. Kanuni tuliyofuata ni mistari miwili, kila mmoja usizidi herufi 37, na Kiswahili kwa maneno yetu marefu haya unajikuta unakata kila sentensi.

Makosa matatu ya kukumbukwa. La kwanza mbaazi. Mtafsiri wetu wa Mombasa kwa Erbsen za Daktari, zile njegere, aliandika mbaazi. Sasa mtu wa pwani akisikia jamaa anakula mbaazi kila siku anaona ana bahati, mbaazi za nazi na mahamri, hiyo ni adhabu gani? Tumeweka "njegere kavu za kuchemsha, chumvi hamna".

La pili "Immer zu, immer zu". Marie anacheza na mkuu wa bendi ya jeshi, anapita dirishani anasema hivyo, halafu Woyzeck anayasikia maneno hayo hayo yakitoka ardhini yakimwambia mchome kisu, mchome kisu. Tuliweka "endelea, endelea". Ikawa kama mwenyekiti wa semina. Siku nzima mpaka mtu akakumbuka watu wanavyopiga kelele ngomani: tena! tena! Linakaa kwenye dansi na linakaa kwenye kisu.

La tatu ni aibu yangu mwenyewe. Bibi anasimulia hadithi ya mtoto yatima aliyekwenda mwezini akakuta kipande cha mti uliooza, akaenda kwenye jua akakuta ua la alizeti lililonyauka, na aliporudi duniani dunia ilikuwa "ein umgestürzter Hafen". Mimi nikaandika "bandari iliyopinduka". Nikaona hata ushairi ndani yake, nikawaza bandari ya Tanga imelala kichwa chini, meli zote chini. Jirani yangu, mama mzee wa hapa hapa, akaja kusikiliza akashangaa bandari imetoka wapi. Kwao Hafen ni chungu. Chungu cha kupikia! Dunia ni chungu kilichofunikwa chini, na mtoto akakaa juu yake akalia. Nimekaa nchi hii miaka 12.

Malalamiko yalikuwepo pia kwamba Woyzeck anaongea Kiswahili cha Kongo, "njo vile" na kadhalika, wa Unguja wakataka arekebishe. Nikakataa. Bibi anaongea Kitanga, Andres anaongea cha Nairobi, mtaa wetu ndivyo ulivyo.

17 Juni

Kuediti kumekwisha, kukarudishwa mara mbili. Mara ya kwanza ni muziki: tulibandika taarab tuliyoitoa mtandaoni chini ya dansi, fundi wa chaneli akauliza haki ziko wapi, tukaangaliana. Tumeitoa, tumerekodi ngoma yetu wenyewe kwenye gereji, na wimbo wa kumbembeleza mtoto Marie anaimba ule aliokuwa anaimbiwa na bibi yake. Bora hivyo hata bila sheria.

Mara ya pili ukubwa wa sauti. TV za huku wanapima kwa kipimo kinachoitwa LUFS na inatakiwa -23, ukikaribia sifuri sauti ni kubwa zaidi. Yetu ilikuwa -14, tulipima kwa masikio na spika za laptopu. Tulipoishusha, minong'ono yote ya Woyzeck ikazama kama kile kisu cha pili. Ilibidi turudi tukio kwa tukio tupandishe minong'ono na kushusha Kapteni. Wikiendi tatu. Pimeni toka siku ya kwanza.

9 Septemba

Imerushwa jana saa 2 usiku, kwenye kebo na mtandaoni, dakika 47 badala ya 45, wametuvumilia.

Hela: bajeti ilikuwa yuro 400, imekula 543. Chakula 163 (usimpe Mswahili sandwichi baridi siku ya kushuti, atakwenda), usafiri 118, diski ya kuhifadhia 62, nguo na buti za mtumba 55, bwawa 50, memori kadi 46, visu vitatu 45, njegere 4. Vifaa na ukumbi bure, ile "kukodi" ukumbi ni kusaini tu na kufagia.

Mwisho wake umezua simu nyingi. Woyzeck anaingia majini na tumekata hapo, maji yako kifuani. Büchner hasemi kama alizama au alishikwa. Yule Woyzeck wa kweli ambaye Büchner alichukua kisa chake, Johann Christian, alimuua mjane Woost huko Leipzig Juni 1821, daktari akaandika ripoti kwamba ana akili timamu, akakatwa kichwa hadharani sokoni Agosti 1824. Wengine kwenye kikundi walitaka tuweke maandishi ya hayo mwishoni. Nilikataa kisha nikakubali kisha nikayatoa saa sita usiku kabla ya kupeleka faili, na wawili bado hawajanisemesha. Mama yake Woyzeck wetu kaangalia kwa simu kutoka Bukavu, kauliza kitu kimoja tu: na yule mtoto kachukuliwa na nani?

Kuna sabtaito mbili bado zina makosa ya herufi, dakika ya 12 na ya 31, tutasahihisha kabla ya marudio. Skripti na orodha ya matukio ntampa yeyote anayetaka. Kisu cha tatu kipo kwangu, misumari ndani na uzi bado umefungwa.